Ukuta wa Mama Agripina Haupakwi Masizi

Jumamosi jioni, Morogoro mjini. Mvua ya asubuhi imekatika, milima bado imejifunika ukungu, na viatu vyangu vina tope la Matombo ambalo sina haraka ya kulitoa.

Leo nimeondolewa kazini. Naandika nikiwa na hasira, na sitaki ipoe kabla sijamaliza.

Kwa anayepita hapa mara ya kwanza: mimi ni msanifu wa mandhari ya filamu. Ndiyo, ni kazi. Mwigizaji anapoingia ndani na kuketi, mimi ndiye niliyeamua aketi kwenye kiti gani, ukuta nyuma yake uwe wa rangi gani, kikombe chake kiwe na ufa au kisiwe nao. Kaka yangu mpaka leo anawaambia watu kwamba napamba kumbi.

Filamu yenyewe inahusu kijana anayerudi kijijini kwao, Matombo, kumzika baba yake. Nilizunguka vilima vile nikitafuta nyumba mpaka nikafika kwa Mama Agripina, mjane anayelima ndizi na mdalasini. Nyumba yake ni ya bati, na paneli ya sola juu ya paa. Ukuta wa sebuleni ni bluu chini, krimu juu. Aliupaka mwenyewe kabla ya Pasaka. Makochi yana vitambaa alivyofuma. Juu ya kabati kuna picha ya Bikira Maria na chupa za chai zilizopangwa kwa urefu.

Nilijua pale pale kwamba mzee wa hadithi yetu aliishi humo.

Niliongeza vitu vichache tu. Dawa za presha karibu na redio. Kiti cha mbao, ambacho mkono wake mmoja niliusugua kwa msasa na kuupaka mafuta mpaka ukaonekana umeshikwa na mtu yule yule miaka mingi. Koti kwenye msumari. Mama Agripina alipoliona lile koti akasema, "Na wa kwangu alikuwa analitundika hapo hapo."

Leo asubuhi akafika dairekta kutoka Dar. Alisimama mlangoni, hata ndani hakuingia.

"Hapa siyo kijijini," akasema. "Makochi? Sola? Nani ataamini hawa watu wana shida?"

Akataka makochi yatolewe, litandikwe jamvi. Ukuta upakwe tope na masizi. Bati lifunikwe nyasi. Eti watu wa matamasha ya filamu huko nje wanataka uhalisia.

Mama Agripina alikuwa nyuma yetu na trei ya chai. Aliyasikia yote. Akaniuliza mimi, siyo dairekta: "Mwanangu, kwani nyumba yangu ina kosa gani?"

"Haina kosa, mama."

Nikamgeukia dairekta. Nilimwambia kwamba kwenye skripti hakuna mahali palipoandikwa kuwa mzee alikuwa fukara. Pameandikwa kuwa amekufa, na mwanawe amechelewa. Huzuni yote iko kwenye kile kiti.

"Masizi sipaki," nikasema.

"Kazi yako ni kufanya ninachotaka."

"Kazi yangu ni kukuonyesha mzee aliishi wapi. Aliishi hapa."

Akaniambia nifungashe. Kisha akawaita mafundi wachanganye tope.

Ndipo Mama Agripina alipoweka trei chini, akafunga mlango kwa kufuli, na ufunguo akaufundika kwenye pindo la khanga. Hakupandisha sauti. "Kunyweni chai, wanangu. Ila nyumba nilimkabidhi huyu binti. Kama yeye anaondoka, na nyumba basi."

Walikunywa wamesimama uani. Mchana wakahamia kwenye ghala bovu la mahindi kando ya barabara. Kiti na koti nilimwachia Mama Agripina, maana aliniomba. Mimi nikapanda pikapu ya ndizi kurudi mjini.

Nilipofika nikakuta ujumbe wa prodyuza: niombe msamaha, Jumatatu nirudi, na jina langu litatokea peke yake mwanzoni mwa filamu. Nisiharibu kazi yangu kwa ajili ya rangi ya ukuta.

Nalitaka lile jina kwenye skrini. Nalitaka sana. Kuna filamu nilizofanyia kazi ambazo hata hawakuliandika.

Nimemjibu: hapana.

Kaka yangu amepiga simu kuniambia bado sijachelewa kutafuta kazi ya kueleweka. Nimemsikiliza mpaka mwisho. Halafu nimemwambia kwamba kazi yangu inaeleweka, ila yeye hajawahi kuuliza.

Huenda Dar hawataniita tena. Nimeliwaza hilo njia nzima, kila pikapu ilipotumbukia kwenye shimo.

Basi wasiniite. Kesho baada ya misa naenda Mzumbe kwa rafiki zangu wawili wenye kamera, tupange filamu yetu wenyewe, na safari hii mimi ndiye nitakayewaita watu kazini.