Shukrani za Mwisho wa Wasifu

Granville, Sydney

Shemeji Zakaria,

Nakusalimu wewe na wote walioamka salama hapo nyumbani. Mguu wa Mama unaendeleaje? Mimi na Neema ni wazima wa mwili. Amri ya corona bado inatubana, hatutoki ila kwa kazi na chakula. Barua hii nimeiandika kwa mkono, Neema ataipiga picha aitume kwenye simu ya wifi.

Najua umekasirika. Umesikia kwa watu kwamba nimelipeleka jina la mdogo wako, marehemu mume wangu Elisha, bungeni, hukusikia kwangu. Kwa hilo nisamehe. Acha nikueleze.

Hapa kuna chama kidogo cha wazima moto, watu wa ambulensi na walinzi. Kina mbunge mmoja tu, mama aliyezima moto miaka mingi. Aliyenipeleka kwake ni Bosco, yule Mrundi aliyelinda hoteli ya karantini pamoja na Elisha. Bosco husema, "Shemeji, mbunge wetu akishikwa na mafua, chama kizima kimelala." Mama huyo ameleta muswada: mlinzi wa sehemu kama ile akipata corona, ihesabiwe ameipata kazini, na mjane asidaiwe ushahidi.

Jumanne kamati ilinihoji kwa video, nikiwa jikoni. Nilieleza jinsi Elisha alivyoomba barakoa nzuri mara tatu, akaambiwa avae ya kitambaa. Nilieleza kwamba akirudi alivua sare nje, akamsalimu Neema kwa kugonga kioo cha dirisha.

Ndipo mbunge mmoja wa upande mwingine akainua karatasi aliyopewa na kampuni ya ulinzi iliyomwajiri Elisha. Ilikuwa wasifu wa marehemu, ule tuliousoma kaburini, ambao Neema aliwatafsiria wafanyakazi wenzake Elisha.

"Mama, haya ni maneno ya familia yenu?"

"Ndiyo."

Akasoma: "Elisha aliugua ghafla. Familia inamshukuru mwajiri wake kwa ushirikiano na upendo wote." Akaniangalia. "Kama walimnyima barakoa, mliwashukuru kwa nini?"

Unakumbuka, Shemeji. Nilikuwa sijaitaja kampuni kwenye shukrani. Ukaniambia kwa simu, "Weka mwajiri. Msiba hauna ugomvi." Nikamweka, baada ya madaktari na kabla ya kwaya.

Nikajibu kwamba kwetu kaburini tunashukuru kila mtu, hata daktari aliyechelewa, hata jirani ambaye hakuja.

"Basi tutajuaje mnaposhukuru kweli?" akasema. Wengine wakatabasamu.

Neema alikuwa kando yangu. Akazima sauti, akanong'ona kwa Kiingereza chake, "Mama, waambie ni Baba Mkubwa aliyesema." Sikukutaja. Sikutaka watu wasiokujua wakucheke.

Baadaye mbunge wetu alinipigia. Kura ni wiki ijayo, na pande mbili zinakaribiana. Anaomba barua ya mkubwa wa familia, ieleze desturi yetu ya wasifu na nani aliyeagiza zile shukrani. Mtu wa kampuni naye alipiga. Alisema kwa upole kwamba maneno yakizidi, huenda hoteli ikatafuta walinzi wengine. Nilimwambia Bosco, kwa sababu ana watoto wanne. Akasema, "Mwandikie tu mzee. Mimi hata leo nimevaa ile ya kitambaa."

Sikulaumu, Shemeji. Ulitaka mdogo wako azikwe kwa heshima, nami nilitaka hivyo hivyo. Ila barua hiyo siwezi kukuandikia. Lazima itoke mkononi mwako, na ifike kabla ya Jumatatu.

Nisalimie Mama, lakini habari za barakoa usimwambie, yeye anajua ni homa tu. Msalimie wifi Rahel, na shangazi Debora aliyemlea Elisha alipoachishwa ziwa.

Ukiona haifai, niambie wazi kwamba haifai, ili nimwambie Bosco mimi mwenyewe.

Ni mimi shemeji yako,
Yunisi, mama Neema