Bhoke Wangu na Wachunga Majira

Jumatano, 12 Machi

Maandazi yameisha mapema. Baruti ya mgodini imelia, bati likatetemeka, nikajua adhuhuri, nikafunika jiko. Hapa Nyamongo nani anatazama saa? Baruti ndiyo saa yetu. Ikilia, tunakula.

Kila mteja nimemwambia: Jumatatu Bhoke wangu anajaribiwa kuingia kwa Wachunga Majira. Hata bodaboda nisiyemjua nimemwambia. Mtoto wa tumbo hili! Nimejivuna mpaka sauti imekauka.

Alhamisi, 13 Machi

Mama Rhobi wa duka la jirani ana wivu. Kasema mbele ya watu, "Mama Bhoke, mtoto anaenda kulinda jua, kwani nani ameliiba?" Wakacheka.

Nikamnyoosha. Wachunga Majira wanasema wakati ni kama ng'ombe, usipochungwa unatawanyika. Ndiyo maana kule kilimani, juu ya Nyangoto, usiku na mchana mmoja wao yuko macho, kwa zamu. Ndio wanaotuambia lini tupande ulezi. Nikamwuliza ulezi wake wa mwaka juzi, alioupanda kwa ubishi, uko wapi? Akarudi dukani kwake. Raha tupu.

Jumamosi, 15 Machi

Baba Bhoke kanuna. Yule kijana wa Sirari ameshakuja kuposa, na mzee alishaanza kupanua zizi la ng'ombe wa mahari. Sasa binti anataka kilima. Leo baba yake amemletea shuka jipya jekundu. Amemwekea mapajani, akatoka. Nimelia jikoni. Moshi haukuwepo.

Jumapili, 16 Machi

Naogopa, niseme ukweli.

Kesho kabla hakujacha wanafungiwa, yeye na vijana wawili, kila mmoja kibanda chake kisicho na dirisha. Simu hakuna. Nje imesimikwa nguzo. Anatakiwa atoke pale tu nguzo inapokosa kivuli, jua likiwa utosini. Akiwahi au akichelewa, anarudi nyumbani na hapokelewi tena maisha yake yote.

Bhoke anataka hili tangu akiwa mdogo. Akikosa, atanyauka. Na mimi watu nimeshawaalika, mbuzi kafungwa nyuma ya nyumba.

Jumatatu, 17 Machi

Asubuhi nzima tulingoja kilimani, mbele ya vibanda.

Baruti ililia. Vijana wote wawili wakatoka mbio, mikono juu. Mama zao wakapiga vigelegele. Kibanda cha Bhoke kimya. Nikashindwa kujizuia, nikapaza sauti: "Bhoke! Toka, mama! Adhuhuri hiyo, baruti imelia!"

Bibi Gati, mkuu wa Wachunga Majira, hakunikemea. Alinyoosha kidole kwenye nguzo tu. Kivuli kilikuwepo bado. Kifupi, lakini kipo. Vijana wakakiona. Mmoja akakaa chini palepale. Maskini. Miaka yote Nyamongo tunakula cha mchana kabla ya mchana, na hakuna aliyejua!

Tukangoja. Sikupumua. Kivuli kikasinyaa, kikaisha. Mlango ukafunguka.

Bhoke! Amefinya macho kwa mwanga, shuka jekundu begani. "Mama, nilikusikia," kasema. "Baruti yenyewe haikufikii kwa kelele." Kilima kizima kikacheka, na Bibi Gati akajifuta machozi.

Nimemwuliza alijuaje. Anasema adhuhuri ikifika, wakati hubana pumzi, na baruti ilipolia ulikuwa bado unahema. Sijaelewa hata kidogo. Hata hivyo watu wote nimeshawaeleza.

Nyumbani, Mama Rhobi kala nyama nyingi kuliko wageni wote. Baba Bhoke amecheza, na goti lake lile bovu. Wale vijana nimewafungia nyama ya kwenda nayo. Mimi ni mama wa Mchunga Majira. Naandika tena: mama wa Mchunga Majira.

Alhamisi, 20 Machi

Kitanda cha Bhoke kitupu. Nimekitandika hivyohivyo.

Zamu yake ya kwanza ilikuwa leo, alfajiri. Niliamka, nikawasha jiko, nikabandika uji. Kisha nikakaa kwenye kigoda mlangoni, mikono mapajani. Sikuchota maji wala sikukanda unga. Niliona aibu kuhangaika wakati mwanangu anauchunga muda wenyewe.

Mama Rhobi akapita. "Leo huna habari, Mama Bhoke?"

Nikamwambia karibu uji. Akakaa. Tukanywa, tukitazama kilimani.

Kumekucha vizuri.