Mkono wa Kushoto wa Nafula

Mpendwa Mama,

Nimekaa jikoni hapa mtaani Kapsoya, nimechoka hata viazi vimenishinda kumenya. Sina mwingine wa kumwambia hivyo bila kuombewa.

Unakumbuka ulivyokuja kutoka Bungoma kunilelea Nafula, niliporudi kazini dukani? Alikuwa bado hajatambaa. Jioni moja nilikukuta umemkalisha kwenye mkeka, unamsogezea kijiko upande wa kushoto. Alipinda mwili mzima akakichukua kwa mkono wa kulia. Ukamnyang'anya, ukarudia. Akafanya vile vile.

"Huyu mtoto hautumii mkono huu," ukasema. "Na angalia, ngumi haifunguki."

Baba yake, Barasa, alicheka, akasema kila mtu ana mkono wake. Hukubishana naye. Asubuhi nilikukuta umeshamfunga Nafula mgongoni, umevaa kitambaa chako cha kanisa. "Twende kliniki wamwangalie. Kama hana kitu, tutarudi tukicheka."

Hatukurudi tukicheka. Nesi alimlaza, akamgeuza, akamvuta mikono aone anavyojiinua, akamchezeshea kayamba huku na huku. Kisha akatutuma kwa daktari wa watoto. Huyo alitueleza polepole kwamba sehemu ya ubongo inayoongoza upande wa kushoto, mkono na mguu, iliumia, labda kabla hajazaliwa. Haitapona, akasema, lakini ubongo wa mtoto mdogo bado unajifunza, na ni vizuri tumemleta mapema. Mimi nilisikia "haitapona" peke yake. Wewe ndiye uliyeuliza, "Sasa tunaanza na nini?"

Tulianza na vidole. Kuvinyoosha kimoja kimoja, asubuhi na jioni, jinsi mtu wa fizio, yule wa mazoezi ya viungo, alivyotuonyesha. Baadaye akatwambia tuuvishe mkono wa kulia soksi kwa muda kidogo, ili wa kushoto ulazimike kufanya kazi. Nafula alilia mpaka jirani akaja kuuliza kuna nini. Ukamjibu, "Yuko shule."

Tulikuzika kabla hajasimama. Nataka ujue kwamba alisimama, Mama. Alishikilia kiti cha Barasa, magoti yakitetemeka, na Barasa akatoka nje akakaa huko muda mrefu. Siku hizi yeye ndiye anampeleka fizio. Nafula anatembea na kifaa cha plastiki ndani ya kiatu. Anaanguka sana. Anaamka. Mkono unashika kikombe akikazana, halafu unakiangusha.

Watu huniambia tulikuwa na bahati, tulijua mapema. Ni kweli, na bahati hiyo ilikuwa wewe. Lakini kujua mapema ni kuanza kazi mapema, na kazi hii haina likizo. Kuna asubuhi naangalia vile vidole na naona uchovu wangu wote umelala hapo.

Leo nilimwita kwa mazoezi, hakuja. Alikaa mlangoni, akaniangalia.

"Mama, leo nimechoka."

Nilitaka kumwambia lile ambalo wewe ungesema.

"Hata mimi," nikamwambia.

Alishangaa. Nadhani hakujua kwamba mimi pia huchoka. Akaja akijivuta, akapanda mapajani mwangu, na sasa amelala. Naandika kwa mkono mmoja nisimwamshe. Kesho tutaendelea. Leo tumepumzika, Mama, wewe pia pumzika.

Ni mimi, binti yako,
Mama Nafula