Upande wa Zephania

Jumapili, 7 Septemba 2025

Zephania kaja baada ya ibada, kakaa jikoni kwangu, kala makande bakuli mbili bila neno. Mdogo wangu huyu akila kimya, ujue ana jambo. Mara: Dada Hono, nataka wewe ndiwe unisimamie harusini.

Nani, mimi? Msimamizi wa bwana harusi? Si huwa ni mwanaume, tena mwenye mke, na mke wake ndiye anakaa kwa bibi harusi! Ndivyo ilivyo tangu nianze kupika kwenye harusi za watu hapa Same, na nimepika nyingi.

Nikamuuliza, na pilau atapika nani? Mchumba wako?

Hakucheka.

Jumatatu, 8 Septemba

Nimempigia simu, nimekataa. Sababu ninayo. Ukoo mzima unashuka kutoka Mbaga na Gonja, siwezi kumwachia mtu masufuria. Upepo wa hapa una wenyewe. Usipoziba kwa mabati kule unakotokea, moto unakimbia, wali unaiva upande mmoja. Nani analijua hilo kama mimi? Hakuna!

Akasema, Dada, sikuombi upike. Nakuomba usimame na mimi.

Alikuwa darasa la pili mama alipofariki. Nikienda kupika harusi, naye yupo, kalala juu ya magunia ya viazi. Sasa ana ndevu.

Alhamisi, 11 Septemba

Kikao cha kamati. Zephania kalisema mbele ya wote kabla sijamzuia! Baba mdogo Elibariki, mwenyekiti wetu, kavua miwani: watu watasema kijana hana rafiki hata mmoja wa kiume. Hilo nililitegemea. Aliyeharibu ni shangazi Agatha. Eti Honorata harusi yake mwenyewe hatujaiona, leo asimamie ya mwenzake?

Iliniuma. Naandika hapa maana sitamwambia mtu. Iliniuma sana. Na hapo hapo nikajua kwa nini Jumatatu nilikataa haraka vile. Si wali. Jikoni hakuna anayeniuliza mume wangu yuko wapi. Nina kanga kiunoni, nina mwiko, watu wananiogopa. Kule mbele nitakuwa na nini?

Basi nikasimama. Nikasema, asante shangazi, nimekusikia — na nitamsimamia. Sauti ilitoka yenyewe. Kamati wote wakageuka kuangalia chai zao.

Jumapili, 14 Septemba

Kwa mchungaji tumekwenda watatu, mimi, Zephania na Koleta, bibi harusi mwenyewe. Mchungaji katueleza taratibu: wasimamizi ni mke na mume waliofunga ndoa kanisani, na ndio mashahidi. Nikasema moyoni, yameisha.

Koleta bila kupepesa macho: Baba mchungaji, saini atatia baba mdogo Elibariki na mke wake. Dada Hono asimame kwa Zephania. Kwangu asimame kaka yangu Daudi. Mwanamke yupo, mwanaume yupo, tumebadilisha upande tu!

Mchungaji kacheka mpaka akakohoa. Kakubali, sharti moja: sivai suruali. Na baba mdogo aliposikia ndiye mtia saini, kavaa miwani yake tena, mambo safi kabisa.

Huyu wifi nimepata!

Daudi maskini hajui kazi iliyomwangukia. Nikamwambia, kitambaa cha jasho, bwana. Utamfuta dada yako uso usiku kucha, na wanja usiuguse. Kashika kichwa.

Jumatano, 17 Septemba

Kwa fundi Shamsa. Koti la kijivu, kitambaa kilekile cha bwana harusi, na sketi ndefu. Nataka mfuko wa ndani. Shamsa anasema koti la kike halina mfuko wa ndani. Nikamwambia hili linao. Ulitaka pete niiweke wapi, kwenye sidiria? Tumecheka hadi mteja mwingine kaondoka.

Nimependeza. Nasema mwenyewe kabla hajasema mtu.

Jumatano, 24 Septemba

Fadhila, mpishi mwenzangu, kafika kutoka Hedaru, nimemkabidhi jiko. Anapika vizuri, nakiri kwa shingo upande. Ila upepo wetu haujui. Nimemwonyesha mabati yanakaa wapi. Nikamwonyesha tena. Nilipoanza mara nyingine akaniambia, Dada Honorata, wewe nenda kajipambe.

Jeuri! Nimempenda.

Jumamosi, 27 Septemba

Nje ya kanisa, ndani ya gari. Bibi harusi kachelewa. Zephania kila saa: Dada, pete ipo? Ipo. Nagusa mfuko, ipo. Mikono yangu haina harufu ya kitunguu. Sijawahi kufika harusini hivi. Daudi yuko pale ngazini na kitambaa chake, kakikunja vizuri, anajifuta jasho lake mwenyewe!

Shangazi Agatha kapita dirishani. Nikamwamkia. Akaitikia marahaba, akaniangalia toka kichwani mpaka nilipofichwa na mlango. Halafu akaingiza mkono, akaninyoosha kola. Akaenda zake. Nimelengwalengwa na machozi, na wanja nimeshapaka!

Upepo umeamka. Vumbi uwanja mzima, akina mama wameshika vilemba. Ukumbi uko ng'ambo ya barabara, moshi wa jiko nauona kutoka hapa — unalala chini. Mabati yamekaa upande siyo! Naona kabisa! Dakika tano tu. Nivue viatu, nivuke barabara, nigeuze bati moja, nirudi.

Simu. Fadhila.

Zephania kaliona jina. Kashuka, kazunguka, kanifungulia mlango, kasimama pale na suti yake kama vile ana mwaka wote wa kusubiri. Njia ya jikoni ni kushoto, ya kanisani ni kulia.

Honi getini. Gari la Koleta hilo. Matarumbeta yameanza.

Simu imekatika. Inaita tena. Pete nimeshaitoa, naishika mkono wa kushoto, na wa kulia una kalamu hii ninayoandikia. Sina mkono wa simu.