Namna ya Kumvika Bwana Winslade

Ploti ya Mzee Thuo,
Congo, Kawangware,
Nairobi.

Jumapili, 11 Septemba 1983

Mpendwa ndugu yangu Okello,

Pokea salamu kutoka huku nyumbani, omera. Umzima? Ile baridi uliyotuandikia habari zake mwezi wa pili imekuachilia, ama bado unalala na koti? Na kazi ya reli inaendaje huko London? Sisi wa huku tuko. Shemeji yako Nereah goti linamsumbua kwa kusimama sokoni na samaki wake kutwa nzima, lakini mdomo wake ni mzima kabisa, na wewe unaujua.

Ami yangu, baba yako, nilimwona juzi kule Sarang'ombe nilipopita Kibera. Hajambo. Bado anaweka kiti chake mlangoni na kusalimia kila anayepita, hata wasiomjua. Analalamika kwamba barua zako ni fupi mno, ati unaandika kama mtu anayelipia kila neno. Usinikasirikie, mimi nimefikisha tu.

Hapa kwetu Mzee Thuo mwenye ploti ameongeza vyumba vinne upande wa dirisha letu. Sasa nikifungua dirisha naona mabati. Nilipomwambia, akanijibu kwamba mabati ni jirani mzuri, hayasengenyi mtu. Nikacheka, ningefanya nini?

Sasa nikuambie kilichonishikisha kalamu. Unamkumbuka Bwana Winslade, yule mwigizaji Mwingereza niliyemfanyia kazi tangu mwaka wa sitini na nne? Akili ilikuwa imeanza kumtoka, na mwezi wa tatu mwaka huu mpwa wake wa kike, Bi Margaret, alikuja akamrudisha kwao. Yuko katika nyumba ya wazee mji wa Eastbourne, kando ya bahari. Mwezi uliopita huyo Margaret aliniandikia. Anasema mzee amekataa kuvikwa nguo. Muuguzi akija na shati anamsukuma. Analala na fulana tu, hashuki kitandani, na daktari amesema mtu wa miaka sabini na minane akiendelea kulala hivyo mapafu yatajaa maji na atakwenda. Aliniuliza mimi nilikuwa namvika vipi.

Nilimjibu kwa Kiingereza changu hiki hiki. Ijumaa nimepata barua ya pili: amejaribu nilivyomwambia, mzee akageukia ukuta. Sasa ni wiki ya sita hajashuka kitandani. Ndiyo maana nataka kukutuma wewe. Usikatae kwanza, soma mpaka mwisho.

Ili uelewe, lazima nikueleze mtu huyu alivyofanya kazi, maana wengi wenu mlidhani nilikuwa mpishi wake. Sikuwa mpishi. Chai alichemsha mwenyewe, na ilikuwa mbaya.

Alizaliwa mtoto wa fundi wa viatu. Akiwa na miaka kumi na sita alipata kazi kwenye jumba la michezo ya kuigiza, kazi ya kuingia jukwaani na sinia na kusema kwamba wageni wamefika. Alisema hivyo kwa miaka mitatu. Halafu akapanda kidogo kidogo: akawa daktari, akawa padri, akawa mume wa kwanza wa mwanamke ambaye ataolewa na mwingine. Baada ya vita watu wa sinema wakamchukua. Alikuwa na sanduku la picha zake na alinionyesha zote: afisa wa polisi, afisa wa jeshi, afisa wa polisi tena. Katika kila sinema alikufa au alipanda treni kabla hata hadithi haijafika katikati. Alinieleza hayo kama mtu anayekusomea orodha ya vitu vya dukani. Watu wa kwao waliijua sura yake, jina hawakulijua. Walimsimamisha barabarani wakidhani ndiye aliyewafundisha shuleni.

Kenya alikuja mwaka wa uhuru, kuigiza D.C. katika sinema ya simba. Simba alipewa siku nyingi kuliko yeye. Wenzake walipomaliza wakapanda ndege. Yeye akabaki, kwa sababu kazi iliyokuwa ikimngoja London ilikuwa imepewa mtu mwingine, na alisema hana haraka ya kwenda kuona sura ya huyo mtu kwenye mabango. Akapata nafasi katika jumba la michezo mjini hapa, akakodi nyumba Lavington, nami nikapata kazi ya kumvika. Kutoka Kawangware ni kutembea tu, unavuka kijito umefika.

Sasa siri yake. Kwa miaka kumi na tisa sijamwambia mtu ila Nereah, na sasa huyo Margaret. Bwana Winslade hakuwa na kichwa cha kushika maneno. Wenzake walisoma kitabu cha mchezo wiki mbili wakawa tayari. Yeye alisoma mwezi mzima na hakubaki na kitu. Kilichomsaidia kilikuwa nguo. Nilishika kitabu mkono mmoja na nguo mkono wa pili. Soksi ya kushoto ilikuwa na maneno yake, soksi ya kulia yake, shati lilikuwa na maneno kwa kila kifungo, kuanzia chini kwenda juu. Mimi nilitamka neno la kwanza, yeye akamalizia huku nguo ikipanda. Tai ikifungwa, mchezo mzima ulikuwa mwilini mwake kwa mpangilio wake. Akiwa jukwaani aligusa tu kifungo, maneno yakaja. Gazeti moja liliwahi kumsifu kwa utulivu wa mikono yake. Tulicheka siku hiyo mpaka akakohoa.

Nereah nilipomweleza alisema huo ni uchawi. Baadaye akaniuliza kama unaweza kumsaidia Seline wetu na hesabu.

Basi tukaendelea hivyo, mchezo baada ya mchezo. Lakini umri nao ukaja. Wazungu waliokuwa wakijaza viti walizidi kuhama, na sehemu alizopewa zikapungua. Nyumba ya Lavington akaiacha, akahamia kijumba cha nyuma kwenye uwanja wa mtu. Mwaka wa sabini na tisa, wakati alikuwa karibu kurudia kazi ya sinia, kampuni ya picha kutoka ng'ambo ikaja Nairobi ikamtaka. Sehemu ya jaji mstaafu ambaye mke wake amemwacha. Alijua ni ya mwisho. Alisema waziwazi, "Hii nikiiharibu, hakuna nyingine."

Tulifanya mazoezi wiki tano, soksi mpaka tai. Siku ya kwanza tukapelekwa kwenye nyumba moja upande wa Ngong. Sasa mimi sikujua kitu kimoja kuhusu sinema. Jukwaani mchezo huanza mwanzo ukaenda mwisho. Hawa wenye kamera huanza popote panapowafaa, na asubuhi hiyo walitaka maneno ya mwisho kabisa, jaji akiagana na binti yake. Msichana wa mavazi akanipa koti la mwisho akasema, mvike haraka. Nikamvika haraka. Nililiweka koti juu ya nguo alizokuja nazo kutoka nyumbani.

Hilo lilikuwa kosa langu, na nalibeba mpaka leo. Kamera ikawashwa. Mzee akagusa kifungo, hakuna kitu. Akagusa kingine. Akanitazama mimi niliyesimama pale kando, macho ya mtu aliyefika mlangoni kwake akakuta kufuli si lake. Wakarudia mara saba. Kijana aliyesimamia picha akauliza kwa sauti kubwa kama huyu mzee ni mgonjwa, na kama kuna mwingine mjini anayeweza kuletwa kabla ya saa sita.

Aliyetuokoa ni Kavoi, Mkamba aliyeendesha lori la kampuni. Alinivuta kando akaniuliza, "Wewe, huyu mzee anataka nini?"

Nikamwambia anataka kuvuliwa nguo zote na kuvikwa upya.

Hakuuliza tena. Alishusha turubai la lori, akatupandisha nyuma, akasimama pale chini mikono kifuani. Nilimvua mzee mpaka fulana, nikaanza na soksi ya kushoto. Ilichukua dakika hamsini. Kila aliyekuja kupiga kelele nilimsikia Kavoi akimjibu, "Mzee yuko kwa maombi, bwana. Hata wewe, ngoja mtu amalize na Mungu wake."

Tuliposhuka alisema maneno yote bila kukwama hata mara moja, na yule aliyecheza binti yake akalia machozi ambayo hayakuwa kwenye kitabu. Yule kijana msimamizi hakunisalimia, lakini kuanzia kesho yake lori lilikuwa letu kila asubuhi. Wiki nne, omera. Wakitaka maneno ya shati, nilivika mpaka shati. Wakitaka ya tai, nilivika mpaka tai.

Picha ilipofika Nairobi tulikwenda kuiona, yeye, mimi na Nereah. Nereah alilala. Mimi niliangalia vifungo tu, sikuelewa hadithi. Mzee alionekana dakika sita. Tulipotoka nje akanishika bega akasema kwa mara ya kwanza amefika mwisho wa sinema akiwa hai, na alifurahi kweli kweli.

Baada ya hapo hakuna aliyemwita tena. Akasahau njia ya posta, akasahau chai iko jikoni, akasahau kwamba dada yake alishakufa. Lakini yule jaji hakumsahau. Kila asubuhi tulianza na soksi ya kushoto, naye akamalizia maneno hadi tai, hata kama hakuna mtu wa kumtazama ila mimi na kuku wa mwenye uwanja. Ndiyo maana anamsukuma muuguzi. Muuguzi anaanza na shati.

Sasa kazi yako. Ndani ya bahasha hii kuna karatasi ya pili. Nimeandika kila nguo na maneno yake ya kwanza kwa Kiingereza. Margaret ameisoma karatasi kama hiyo na hakufaulu, na nadhani najua sababu: macho ya mzee yamefifia, anafuata sauti. Sauti yako na yangu hata baba yako huzichanganya. Panda treni uende. Uingie asubuhi, kabla hawajamletea uji. Kaa upande wake wa kushoto. Shika soksi, sema neno lake la kwanza, unyamaze. Usimpe neno la pili hata akikutazama vipi. Atakawia. Ngoja. Akilisema, mguu wenyewe utainuka.

Na usisome kwa Kiingereza cha London. Najua umekaa huko miaka sita na ulimi umeanza kupinda. Soma vile tulivyosoma shule ya misheni, kila neno na uzito wake, lafudhi yetu ya ziwani ikiwa palepale. Hiyo ndiyo aliyoisikia miaka kumi na tisa. Ukijifanya Mwingereza atageukia ukuta, nami sitamlaumu.

Usiniulize kwa nini nasumbuka hivi kwa Mzungu ambaye hata si ndugu. Nereah ameshaniuliza vya kutosha. Nimemzoea, basi. Asubuhi mikono yangu huamka saa ile ile na haina la kufanya.

Wasalimie Wakenya wote mnaokutana nao kanisani huko. Nereah anakusalimu na anauliza utaoa lini, ama unangoja goti lake lipone ndipo acheze. Seline anakusalimu, sasa yuko darasa la saba. Baba yako, Mzee Thuo, na Khamala wa duka la mkaa, wote wanakusalimu. Mungu akulinde kwenye hizo reli, akurudishe kwetu na viungo vyako vyote.

Limebaki jambo moja, na nimelisukuma mpaka hapa kwa sababu sipendi kuliandika. Mzee atakuuliza wewe ni nani. Usimwambie umetumwa na Omolo. Hamjui Omolo. Kabla yangu kulikuwa na mtu wa Butere aliyemvika miezi michache akafa kwa homa, Joseph Shiundu. Siku yangu ya kwanza mzee alinikuta nimeshika koti lake akaniita Joseph. Nilimsahihisha mara mbili mwaka ule. Mara zote mbili aliomba radhi vizuri sana, na kesho yake nikawa Joseph tena, mpaka watu wote wa jumba la michezo wakafuata. Hata barua za Margaret zimeandikwa kwa Joseph, na Mzee Thuo nusura azirudishe posta. Iliniuma, omera, nisikufiche. Nereah hunitania kwamba kwetu mtoto mchanga ndiye hupewa jina la marehemu, mimi nimepewa nikiwa na ndevu. Lakini kama kichwani mwa yule mzee limebaki jina moja tu la mtu, ni hilo. Basi ingia, kaa upande wa kushoto, umwambie, "Ni mimi, Joseph. Nimeleta soksi."

Nduguyo akupendaye,
Omolo