Barabara ya Beni

Butembo, tarehe 11 mwezi wa 11, 2001

Mama Eliane,

Nakusalimu kwa jina la Bwana. Huku mvua inanyesha kila siku, na viazi vya Masereka vimetoka vizuri. Eliane wetu amekomaa. Ile robe ulimushonea mbele ya kuachana, haimuenei tena.

Karatasi ya tribunal niliipata mwezi wa tano. Juge, hakimu wa kesi yetu, alisema nikuletee mutoto kule Beni katika siku kumi na tano. Nilimuandikia kwamba vita imefunga barabara. Ilikuwa kweli, lakini siku tisa tu. Kisha magari yakaanza kupita, na miye nikaendelea kumuandikia juge maneno yale yale, mara tatu.

Orpa, nimefika Beni na viazi mara ine. Siku moja nilikuona mbele ya nyumba yako, unaanika mihogo. Nilifunika uso na kofia, camion yetu ya mizigo ikapita.

Mutoto naye nilimudanganya vile vile, kwamba barabara imefungwa. Aliamini. Lakini jana, wakati tulikuwa tunapakiza mifuko ndani ya camion ya dereva Yassini, aliniuliza: "Papa, hivi viazi vya Beni vinapitaka wapi?"

Usiku nikachukua kalamu.

Donc basi, barua hii Eliane mwenyewe ndiye anakupatia mikononi. Muke wangu Christa anamusindikiza, sababu miye naogopa uso wako. Usiichome. Umupelekee juge, asome mara hii ukweli kwa mukono wangu.

Ni miye,
Éphraïm