Ncha ya Wingu Imeelekea Machakos

Jumatatu, 11 Novemba

Mji wa Wote. Taarifa ya redio ya saa saba imesomwa: mvua imechelewa, mito ni mchanga mtupu. Dakika mbili na nusu.

Mchana nikashuka kwa Mama Mumo, mkulima wa nyanya, kilomita kumi na mbili chini ya mji. Pampu yake imekaa ndani ya shimo katikati ya mto, kina cha mtu na nusu. Nyanya zinataka wiki mbili zaidi za maji. Bila pampu, zinakauka kwa siku nne. Hana nyingine.

Saa tisa, wingu juu ya milima ya Mbooni. Refu, kichwa bapa kama fuawe la mhunzi, ncha moja imevutwa magharibi. Halikutoa tone.

Jumanne, 12 Novemba

Wingu tena.

Huku watu husoma ncha. Inakoelekea ndiko mvua inakokwenda. Nimesikia hivyo miaka ishirini na miwili ya kazi hii. Ni makosa. Ncha husukumwa na upepo wa juu. Mvua huanguka chini ya shina la wingu. Na shina limesimama juu ya chanzo cha mto huu.

Nikamshauri Mama Mumo atoe pampu kila mchana. Alicheka.

"Mtangazaji, hiyo wingu ni ya watu wa Machakos. Huku haina hata shemeji."

Kuitoa kunataka watu wanne. Wanne hawapatikani kila siku. Hoja yake ni nzuri. Bado amekosea.

Alhamisi, 14 Novemba

Saa tisa na dakika kumi, barabara ya Mbooni. Radi, kisha mvua ya mawe, makubwa kama ndimu. Kioo cha mbele kimepasuka. Mtaro ukajaa maji mekundu, yote yakiteremka upande wa Mama Mumo.

Nikampigia simu. Kwake jua kali.

"Umeona, ama umeambiwa?"

"Nimeona. Kioo cha gari kimepasuka."

Akakata simu. Nilipopiga tena, haikupokewa. Niliogopa. Niliendesha kwa kuchungulia kando ya ufa.

Nimefika, naandika nikiwa ukingoni. Aliwaita wanawake watatu waliokuwa wakichota maji. Wakaifunga pampu kwa kamba, wakawavutisha punda wawili. Yeye mwenyewe aliingia shimoni, akaisukuma kwa bega kutoka chini. Imetoka. Robo saa baadaye maji yakaja, ukuta wa kahawia, miti ndani yake. Mpira wote wa maji umekwenda. Hapa hakujanyesha hata tone.

Bega lake limechubuka. Amekaa juu ya pampu, hataki kuinuka.

Ijumaa, 15 Novemba

Mhariri alitaka habari ya shujaa. Nimempa sentensi sita: shina, ncha, milima, saa, umbali, na kwamba anga safi si ushahidi. Zimesomwa zilivyo. Kazi nzuri.

Jumapili, 17 Novemba

Nilishuka baada ya ibada. Mto umerudi kuwa mchanga. Shimo limefukiwa, hata lilipokuwa hapajulikani. Mpira ni wa kuazima, vipande vitatu vimeungwa kwa raba ya baiskeli, vinavuja kila kiungo. Pampu inanguruma ukingoni, ikivuta kutoka shimo jipya, fupi. Nyanya zimesimama.

Mama Mumo alipiga magoti, akafukua mchanga kwa mkono. Maji yalikuja kabla kiwiko hakijazama. Akaacha yatulie, akachota kikombe, akanipa.

Yana mchanga kidogo. Nikanywa yote.